Mchele Usio na Chuya

Tangu nistaafu, wasichana wa wodini hawanipi raha. Mmoja ananipigia simu asubuhi, mwengine ananiletea mkate wa mofa jioni, na wote swali lao moja: "Sista Raya, weye ulikuwa unajuaje mgonjwa anaumwa wapi kabla hajasema?" Wanadhani nlikuwa na jicho. Sikuwa na jicho mie. Nlikuwa na daftari, na Mkenya mmoja mkali, na kosa moja kubwa ambalo mpaka leo nikilikumbuka uso unaniwaka. Bas nawaandikia hayo matatu. Vyeti vyangu nimevitia kwenye mfuko wa plastiki juu ya kabati, na huko ndiko mahali pake.

Nlianza kwenye wodi ya saratani hapa Muscat mwanzoni mwa miaka ya tisini, nikitokea wodi ya wazazi. Kule mwanamke akishikwa na uchungu husikia mtaa wa Ruwi mzima. Nlikuwa nimezoea maumivu yenye sauti. Nilipoingia wodi hii mpya, nikakuta kimya, watu wamelala kwenye mashuka meupe, mmoja anavuta tasbihi, mwengine anatazama dari. Nikajisemea, Raya, leo umepata wodi ya raha. Ujinga nao una raha zake.

Mkuu wangu alikuwa Sista Perpetua, Mkenya mrefu, mkavu, anayekaa ghorofani Ruwi juu ya duka la vitambaa, na kila Ijumaa asubuhi, maana ndiyo siku ya mapumziko huku, akenda kanisani kwake amevaa kofia ya majani. Siku yangu ya kwanza hakunipa sindano wala faili. Alinivutia kiti katikati ya wodi. "Kaa hapo, usiguse kitu. Halafu uniambie ni nani anaumwa."

Nlikaa robo saa. Nikamwonyesha mzee mmoja aliyekuwa akiguna na kugeuka kitandani. "Huyo analalamika kuhusu chai," akasema. "Imekuja bila sukari. Angalia yule wa dirishani." Yule wa dirishani alikuwa anatabasamu na mwanawe. Uso mzuri, ndevu zimechanwa. "Si huko juu. Angalia huku chini." Nikatazama miguu iliyotokeza kwenye shuka. Vidole vimejikunja, vimekaza mpaka vimekuwa vyeupe, kama vya mtu anayejizuia kuteleza. Perpetua akainama sikioni pangu. "Uso umefunzwa adabu tangu utotoni. Vidole vya miguu hakuna aliyevifunza." Alipewa dawa, na baada ya nusu saa nikaona kidole kimoja kimoja kinafunguka.

Siku hizi mna jina zuri, tiba shufaa, yaani kumtunza mtu ambaye ugonjwa wake hauponi tena ili asiishi kwa mateso siku zilizobaki. Zama zetu haikuwa na jina. Tuliwaita "wale wa chumba cha mwisho," na madaktari wengine walipita mlangoni kwao kwa haraka kama watu waliosahau kitu jikoni. Perpetua hakupita haraka. Alikuwa na daftari la shule, la kurasa za mistari, na kila mgonjwa alipigiwa milia sita: maumivu, usingizi, pumzi, chakula, choo, na wa mwisho aliouandika "Neno." Kwenye mlia wa Neno aliandika kitu ambacho mtu mwenyewe anakitaka, kwa maneno yake. Mmoja aliandikiwa, "Anataka kunyolewa na kinyozi wake, si na sisi." Mwengine, "Hataki shemeji yake aingie." Lakini choo ndicho alichouliza kwanza, kila siku, kwa kila mtu, bila haya. "Mtu asiyepata choo siku nne," alikuwa akisema, "usimuulize habari za roho yake."

Kisha zikaja karatasi za kupimia maumivu, kutoka sifuri mpaka kumi. Nzuri kwenye semina. Nlikwenda nazo kwa mzee mmoja aliyekuwa na duka Hamriya maisha yake yote, nikamwambia: "Baba, sifuri huumwi kabisa, kumi ni maumivu yasiyostahamilika. Yako ngapi?"

"Weye unasema ngapi?"

"Mie sisemi kitu. Weye ndiye unayeumwa."

"Haya, tia sita."

"Sita kweli?"

Akanitazama kwa jicho la dukani. "Unataka saba? Bas chukua saba, mwanangu, kwa sababu ni weye." Nikaandika saba huku nacheka. Nilipoinuka akanishika mkono. "Lakini Khamisi wangu akija, mwambie tatu."

Karatasi ya nyuso, ile yenye kichwa kinachocheka mpaka kinacholia, nayo ilikuwa na mikasa yake. Bibi mmoja aliitazama kwa huruma, akauliza, "Huyu anayelia mtoto wa nani? Hamumpi maziwa?" Nlimhadithia Perpetua yote mawili, tukacheka, lakini la mzee wa Hamriya alilirudia. "Umesikia lile la mwisho? Tatu ni ya mtoto, saba ni yako. Kila namba ina mwenyewe, Raya. Kabla hujaandika, ujue imetolewa kwa nani." Nikaitikia kwa kichwa kama nimeelewa. Ilinichukua miaka zaidi ya kumi kuelewa.

Mwanzoni mwa miaka ya elfu mbili, daktari mkuu alikubali tuwafuate wagonjwa majumbani. Gari moja, muuguzi mmoja, siku mbili kwa kila nyumba kwa wiki. Nlichaguliwa mie, na nlijua kwa nini. Mie mtu wa kwao. Nimezaliwa Unguja, nimekulia Muscat, Kiarabu nnacho, Kiswahili nnacho, najua nyumba ipi viatu vinaachwa ngazini na ipi mlangoni. Perpetua alibaki wodini na daftari lake, mie nikafungua langu. Akanambia, "Nenda, lakini usijisahau." Nikaona wivu unamsumbua.

Hapo ndipo nilipokutana na Bi Zayana.

Alikaa Ansab, kwa mwanawe Khalfan, aliyekuwa na kazi wizarani, na mke wa Khalfan, Sabra. Mjane, mtu wa Unguja, mpishi aliyesifiwa na kila mtu aliyewahi kuolewa Muscat. Saratani ilianzia kwenye ziwa, ikapita mpaka mifupa ya mgongo na nyonga. Hospitali ilikuwa imeshamaliza ya kwake. Kazi yangu ilikuwa kwenda Jumamosi na Jumanne, kuuliza, kutazama, kuandika, na kumwambia daktari dawa iongezwe au ipunguzwe.

Siku ya kwanza nlipokelewa majlisi, chumba cha wageni. Bi Zayana ameketi juu ya godoro, amejiegemeza kwenye takia, kanga mpya, wanja machoni, udi unafuka, na shali kubwa imemfunika kuanzia kiunoni mpaka chini. "Karibu mwanangu, karibu. Wa nani weye?" Nikamtajia. Wallahi, hatukufika kikombe cha pili kabla hajamjua bibi yangu wa Kikwajuni na kisima chake na ugomvi wake na jirani. Tende zikaja, halwa ikaja, vitumbua vikaja. Wanawake wengine sita walikuwemo, wamekuja kumwona mgonjwa, kama ada inavyotaka. Nilipopata upenyo nikauliza kwa sauti ya chini: "Na maumivu, Bi Zayana?"

"Alhamdulillahi. Hebu kula kitumbua, umekonda."

Nikaandika sifuri.

Jumanne, sifuri. Jumamosi, sifuri. Kila nikienda, kanga mpya, wanja, kahawa, khabari za watu. Nlimpima mapigo, nikamtazama macho, nikauliza usingizi, akasema nalala kama mtoto. Miguu ilikuwa chini ya shali. Msiniulize kwa nini sikuifunua shali. Mgeni hamfunui mwenye nyumba mbele za watu, na hilo halikunipitia hata akilini kuwa ni jambo la kufikiriwa. Nlitikisa kikombe changu kuonyesha nimetosheka, nikanawa mikono, nikaaga. Wiki tatu, sifuri sita, na sare yangu ya kazi imeanza kunibana kiunoni.

Baada ya ile sifuri ya sita, Khalfan alinisubiri nje kwenye gari. Uso wake ulikuwa umenawiri. Akanambia amezungumza na hospitali moja Bangkok, wanayo dawa mpya, na wamemkubali mama yake. Daktari wetu alisita, lakini akafungua faili akaona muuguzi anaandika mgonjwa hana maumivu, anakula, analala, anakaa na wageni asubuhi nzima. Akasema basi, kama nguvu anazo, mwenyewe ndiye wa kuamua. Khalfan alimuuliza mama yake. Mama akamjibu, "Ulionalo wewe, mwanangu."

"Tunaondoka Ijumaa ya wiki ijayo," akasema. "Sista Raya, daftari lako ndilo lililonitia moyo. Mungu akulipe."

Na mie, Mungu anisamehe, nlifurahi. Nlirudi wodini nikamhadithia Perpetua kama mtu aliyeshinda mashindano.

Perpetua alichukua daftari. Akafungua ukurasa mmoja, akafungua wa pili. "Saratani iko kwa mifupa ya mgongo, na hapa nasoma sifuri mara sita. Raya, huyu ni mama ama ni ukuta?"

"Amesema mwenyewe."

"Mkiwa mmekaa wapi?"

"Majlisi."

"Na wewe ukifanya nini?"

Nikajifanya napanga faili. Akaniuliza tena. "Ulikunywa kahawa?"

"Vikombe vitatu."

"Basi hukwenda kazini. Ulikwenda kutembea."

Khaa! Damu ilinipanda. Nikamwambia weye hujui mila zetu, mie nikikataa kahawa ya mzee kama yule nimemtukana yeye na ukoo wake, huko kwenu labda mnaingia kwa watu na sindano mkononi. Nlisema maneno ambayo sitayaandika hapa. Perpetua aliningoja nimalize, kama anavyongoja mgonjwa amalize kutapika, kisha akasema taratibu: "Sijasema ukatae kahawa. Nimesema wewe ni mgeni pale. Sasa niambie, ni nani hulia mbele ya mgeni?"

Nikalivuta daftari langu, naye akaliwekea mkono juu.

"Hata shuleni kwetu tulifundishwa," akasema. "Mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Wewe umeenda siku sita. Jembe lako liko wapi?"

Nlikwenda chooni nikalia. Si kwa sababu ya Perpetua. Nlikuwa nimeiona safari ile yote, uwanja wa ndege, kile kiti, saa sita za kukaa wima, na yule mama anatabasamu njia nzima kwa sababu mwanawe yuko kando yake. Na aliyemkatia tiketi ni mie, kwa kalamu yangu.

Jumamosi iliyofuata nlimwambia dereva anishushe nyuma ya nyumba. Nlikwenda mapema, saa mbili na nusu asubuhi, kabla ya wageni, nikaingia kwa mlango wa jikoni. Sabra alikuwa anajaza chupa ya kahawa. Kidogo aiangushe. "Yarabi! Sista, mlango wa mbele uko wazi!"

"Leo sendi majlisi. Nipe kazi."

"Kazi gani?"

"Yoyote. Vitunguu, vyombo, chochote."

Maskini Sabra, machozi yalimlenga kwa aibu. Mgeni aoshe vyombo, watu watasema nini? Tukawa tunavutana naye sufuria. Ndipo nikasikia sauti kutoka chumba cha ndani, lakini si ile sauti niliyoizoea. "Nani huyo?"

Mlango ulikuwa wazi kidogo. Bi Zayana alikuwa amelala ubavu, kanga imepauka, macho hayana wanja, na pembe ya mto imo mdomoni, ameiuma. Miguu ilikuwa nje. Sikuhitaji kuitazama zaidi ya mara moja. Aliponiona aliutoa mto mdomoni, na mkono ukaanza kuipapasa ile kanga mpya iliyokunjwa kando, ili awe mwenyeji tena. Hilo ndilo lililonivunja moyo kuliko vidole.

Nikakaa chini, sakafuni. "Bi Zayana, usivae. Mie sikuja kutembea. Leo siku ya saba nakuja nyumba hii na sijapewa jembe. Au humu hamna jembe?"

Mkono ukaiacha kanga. Kisha pembe ya mdomo ikacheza. "Muscat hii mawe matupu, utalima nini?" Akavuta pumzi. "Sabra! Lete mchele."

Sabra akachungulia. "Mama, mchele upi? Huu wa mfuko hauna hata chuya moja, umeshachambuliwa huko huko kiwandani."

"Nimesema lete mchele!"

Ukaja kwenye sinia. Tukauweka kitandani, mie niko sakafuni, yeye amelala ubavu na mkono mmoja tu unafanya kazi, tukaanza kuchambua mchele usio na chuya, usio na jiwe, mweupe kama karatasi. Nikatenga punje nzima huku na punje zilizovunjika huku, ili mikono ipate la kufanya. Hakuna aliyemtazama mwenzake. Jikoni Sabra anagonga masufuria. Pengine ilipita robo saa.

"Hapa nyongani," akasema, "ni kama mtu anakuna nazi humu ndani, na mbuzi haachi."

Sikuinua kichwa. "Tangu lini?"

"Tangu Ramadhani."

Ramadhani ilikuwa imepita miezi miwili. Akaendelea, kidogo kidogo, punje kwa punje. Hakulala usiku mzima hata mmoja. Choo hakupata siku sita. Akisikia wageni wanakuja huuma kitu, huvaa, hutoka, hukaa, wakiondoka hurudi hapa akauma tena. Kitumbua hakimpiti kooni, alikuwa anakishika tu mkononi na kunihimiza mie nile.

"Kwa nini hukunambia?"

"Ningekwambiaje? Umekaa kwenye godoro langu, kahawa yangu mkononi mwako. Mtu humwambia mgeni kwamba nyumba inavuja?"

"Sasa nipe namba. Kumi ni yasiyostahamilika."

Akafikiri. "Tia tisa. Kumi namwachia Mungu."

Nikaandika tisa. Kisha nikauliza la safari. Mkono wake ukasimama juu ya mchele. "Sitaki," akasema. "Nimeshahama nchi mara moja, mwanangu, na nlikuwa kijana na mgongo wangu mzima. Sina tena safari nyengine mie. Nataka kufa humu, namsikia Sabra anagombana na masufuria yake."

"Mwambie Khalfan."

"Khalfan ana furaha. Sijamwona na furaha hii tangu babake kufa. Na weye usimwambie. Niapie."

Nikaapa. Kosa juu ya kosa, lakini ningefanya nini, na yeye amenishika kidole?

Daktari nlimpigia simu pale pale jikoni, morfini ikaanza siku hiyo hiyo, ya maji, kwa kijiko, pamoja na dawa ya choo. Lakini tiketi za Ijumaa zilikuwa mezani kwa Khalfan, na mie nimeapa. Mchana nikamwendea Perpetua. Nlianza kwa kumwomba radhi kwa yale maneno, akapunga mkono kama anafukuza nzi. Nikamweleza yote. Akauliza, "Umeahidi nini hasa?"

"Nisimwambie Khalfan."

"Hujaahidi kutompa jembe."

Jumanne nikampigia Khalfan, nikamwambia aje nyumbani asubuhi ile ile, bila ya kuchelewa. Alikuja moja kwa moja kutoka ofisini, dishdasha, kanzu ya Kiomani, imepigwa pasi, kilemba kimekaa sawa. Akambusu mama yake kichwani, akaketi kwenye kiti karibu ya mlango, mikono magotini, akauliza, "Hujambo mama?" Mama akajibu, "Sijambo, alhamdulillahi." Nlikuwa nimesimama pale nikayaona kwa macho yangu. Na yeye mgeni. Mtoto aliyemzaa mwenyewe, anakuja amevaa, anakaa ukingoni, anapokea alhamdulillahi yake, anaondoka.

Nikamtia sinia mapajani. "Nini hii?"

"Mchele. Kaa chini, uchambue na mama yako."

"Sista, nna mkutano saa tano."

"Chambua, Khalfan." Sijui sauti ile nlitoa wapi. Nadhani nliazima kwa Perpetua. Bi Zayana alinikazia macho, akaelewa nimefanya nini, na kwa sekunde nikadhani atanifukuza. Kisha akasogea kidogo kumpisha mwanawe nafasi ya sinia. Nikatoka, nikafunga mlango.

Mie na Sabra tukaosha vikombe. Vilikuwa safi, tukaviosha tena. Mwanzo hatukusikia kitu. Baadaye sauti ya Bi Zayana, chini chini, ndefu. Saa tano ikapita na mkutano wake. Sabra akauliza, "Wanafanya nini humo?" nikamwambia, "Wanachambua."

Khalfan alipotoka kilemba kilikuwa mkononi na punje za mchele zimeganda kwenye dishdasha yake. Akaniuliza, "Sista, weye umeandika ngapi?"

Nikafumba mdomo. Nimeapa.

"Mie kaniambia tisa," akasema.

Tisa. Nlimkumbuka yule mzee wa Hamriya na tatu yake ya mtoto, nikashika ukingo wa sinki. "Bas," nikamwambia, "na mie kaniambia tisa." Mwanamume mzima akakaa kwenye kigoda cha jikoni cha mkewe, akalia kwa sauti, na Sabra akageuka ukutani kumsitiri. Alipomaliza alitoa tiketi mfukoni akaziweka juu ya friji. Hazikuguswa tena.

Yaliyofuata ndiyo kazi yenyewe, na ndiyo matamu kuyakumbuka. Tisa ikawa sita. Choo kikapatikana, na nyumba nzima ikasherehekea kana kwamba kuna harusi. Sita ikawa nne, siku nyengine tatu. Wageni tukawapangia nusu saa baada ya Alasiri, na Sabra akaambiwa aseme ni amri ya hospitali, walaumiwe wauguzi. Walinilaumu kwelikweli, nasikia mpaka leo wako wanaonilaumu. Kitanda tulikisogeza kwenye chumba kinachopakana na jikoni, kwa sababu kwenye mlia wa Neno nlikuwa nimeandika, "Masufuria ya Sabra." Khalfan aliingia kwa mama yake kila siku kabla ya kazi, akavua kilemba, akachambua. Mchele wa nyumba ile ulichambuliwa kuliko mchele wowote Oman.

Siku moja nilifika, kuna wageni wawili, na Sabra kwa mazoea akanijazia kikombe. Bi Zayana akamkemea kutoka kitandani. "Huyo humpi! Kahawa ya wageni hiyo." Wale wanawake wakatazamana kwa mshangao, muuguzi wa watu ananyimwa kahawa. Mie nlikwenda jikoni na koo langu kavu, nimejaa furaha ambayo hata mshahara wa kwanza haukunipa.

Sista Perpetua alirudi kwao baadaye, na kofia yake ya majani. Aliniachia kalamu yake ya tochi na onyo kwamba nisinenepe. Wasichana, nyinyi sasa mna kompyuta inayowauliza namba, na haikubali mwendelee mpaka mmeitia. Itieni. Lakini kwanza mjiulize mmekaa wapi na mmeshika nini mkononi.

Mara ya mwisho nliyomkuta Bi Zayana na maneno ilikuwa Jumamosi asubuhi. Kuchambua alikuwa hawezi tena, mkono ulikuwa umelala tu ndani ya sinia, umefunikwa na mchele mpaka kwenye kifundo. Upande wa pili Sabra anagomba na sufuria la biriani. Nikauliza kama kawaida. Midomo ikacheza.

"Sifuri."

Sikumwamini. Nani angemwamini? Nikaenda upande wa miguu nikaifunua shali. Akanitazama, na jicho likacheka. "Huna adabu weye," akanong'ona.

Vidole vyake kumi vilikuwa vimelala, kila kimoja na nafasi yake, hina imebaki kidogo kwenye kucha. Nlivitazama muda mrefu kuliko inavyohitajika. Nikamfunika, nikafungua daftari. Jumatatu baada ya Adhuhuri alifariki, chakula kiko motoni.

Daftari lile nnalo. Lina sifuri saba. Sita aliziandika mgeni.